Kaitaba kwa Coaster: Siku ya Mechi Inayoanzia Karagwe na Kyerwa

Nasema kabla sijavuta pumzi: kama unaishi Karagwe au Kyerwa, unapenda mpira, na hujawahi kwenda uwanja wa Kaitaba, Bukoba, na watu wa kwenu kwenye gari la kukodi, sufuria la ndizi limefunikwa majani ya mgomba chini ya kiti cha nyuma, basi mpira umeuonja tu, hujaula. Nimekwenda. Nimerudi. Sauti imekauka, shati linanuka moshi, na bado natamani kesho iwe siku ya mechi tena. Hii kitu ni tamu jamani!

Tuelewane mapema ninachokisifia hapa. Mechi yenyewe siihakiki. Matokeo utayakuta kwenye simu yako, na mabao watayachambua wenye kazi yao. Nahakiki siku nzima: jinsi inavyopangwa, jinsi mnavyotoka gizani, mnapokula, mnavyoingia na mnavyorudi. Wamarekani siku ya namna hii wameifanya ibada. Timu ya ligi yao ya NFL ina mechi nane au tisa tu za nyumbani katika msimu wa kawaida, kwa hiyo kila moja inakuwa sikukuu. Watu wanafika saa nyingi kabla ya kuanza, wanashusha mlango wa nyuma wa pikapu, wanawasha majiko palepale maegeshoni, na wasiojuana wanagawiana mbavu za kuchoma. Kule Kansas City uwanja wa Arrowhead unasifika kwa moshi wa nyama karibu sawa na unavyosifika kwa kelele. Nikajiuliza: sisi wenye ndizi, wenye ng'ombe wa pembe ndefu, wenye senene, wenye Ziwa Victoria hatua chache kutoka uwanjani, tunashindwa nini? Hatushindwi kitu! Tena sisi tuna nafasi nyingi kuliko wao, maana Ligi ya Championship ina timu 16, na hiyo ni mechi 15 za nyumbani kwa msimu.

Ndiyo, nimesema Championship. Najua kuna anayenuna. Kagera Sugar, timu yetu ya Kaitaba, walishuka daraja kutoka Ligi Kuu mwishoni mwa msimu wa 2024/25 pamoja na KenGold ya Mbeya, na siku zile ungepita Kayanga ungedhani kuna msiba wa jirani: watu wanasikitika, lakini kwa mbali, kisha wanaulizana Yanga inacheza lini. Hapo ndipo penye hoja yangu, na naomba unisikilize hata kama umevaa jezi nyekundu ya Simba sasa hivi. Kushuka kule kumetupa uwanja wa nyumbani ambao hatukuwa nao.

Fikiria Kaitaba ilivyokuwa Simba au Yanga wakija. Uwanja unafurika, magari yamepanga foleni, bendera kila kona. Lakini wamejaa nani? Wamejaa watu wetu wenyewe, wa Nkwenda na Kihanga na Bugene, waliosafiri karibu kilomita mia moja au zaidi kuja kuishangilia timu ya Dar es Salaam dhidi ya timu ya mkoa wao! Kagera Sugar walikuwa wageni kwao. Wanankurukumbi hao wa Kagera Sugar wakifunga, unasikia vifijo vya jukwaa moja na mguno wa mengine yote. Sasa njoo siku ya kawaida ya Championship. Hakuna mkubwa wa Kariakoo. Aliyepanda gari alfajiri amepanda kwa ajili ya timu ya hapa, au kwa ajili ya kula na kucheka na watu wa hapa, na vyote viwili ni halali. Bao likiingia, uwanja mzima unasimama upande mmoja. Nilihisi nywele za mikono zikisimama, na mimi si mtu wa kusimamwa na nywele ovyo.

Haya, mipango.

Mipango ya siku hii inaanza na mtu mmoja mwenye daftari. Bila huyo hamwendi popote. Awe mtu asiyeona haya kudai hela, ikiwezekana mweka hazina wa kikundi cha kuweka na kukopa, maana huyo ameshazoea kuchukiwa. Kazi yake ni kupokea michango kwenye simu, kuandika jina na kiti, na kukataa maneno ya "nitalipa tukifika". Hesabu ni nyepesi: mafuta ya kwenda na kurudi, posho ya dereva, kitu kidogo cha mwenye gari, gawanya kwa idadi ya viti. Kinachokula hela ni gari. Kiingilio cha mzunguko hakimtoi mtu jasho. Ndiyo maana Coaster iliyojaa ni nafuu kuliko Noah yenye watu watano wanaojiona. Na kabla ya kutoa hata shilingi, muulize mwenye gari kuhusu kibali cha LATRA cha safari ya kukodi. Gari lililozoea ruti moja haliamki tu asubuhi likaenda Bukoba na mashabiki. Trafiki anayesimamisha watu wenye vuvuzela hana haraka yoyote.

Jambo la pili, na hili liandike kwa wino mwekundu: usilipie chochote kabla hujaangalia ratiba ya Bodi ya Ligi, na ukiangalia jana, angalia tena leo. Tarehe 18 Desemba 2021 Simba walikuwa wameshafika Bukoba kucheza na Kagera Sugar, mashabiki wameshatoka makwao, na mechi ikaahirishwa siku ileile kwa sababu wachezaji wengi wa Simba walikuwa wameugua. Mechi ikaja kuchezwa tarehe 26 Januari 2022. Aliyekata tamaa asirudi Januari ile, pole yake, maana Hamis Kiiza, Mganda aliyewahi kuvaa jezi ya Yanga na ya Simba pia, ndiye aliyefunga bao pekee la Kagera Sugar. Moja bila! Kwenye Coaster letu kuna kaka mmoja wa Isingiro aliyekuwepo siku zote mbili, ile ya kuahirishwa na ile ya kuchezwa, na hilo analisimulia kwa namna ambayo wengine husimulia hija.

Kuhusu saa za kuondoka sina mzaha. Mechi nyingi za ligi hii huanza saa kumi jioni, na mtu mwenye akili ya kawaida atakwambia kuondoka Omurushaka saa sita mchana kunatosha. Huyo anakwenda kuangalia mpira. Sisi tunakwenda nyumbani! Omurushaka mwisho saa moja asubuhi. Hii maana yake wa Nkwenda wawe barabarani alfajiri, wa Kaisho wawahi zaidi, na wa Murongo, Mungu awabariki, waamke usiku wa manane. Wa Kayanga wao wanashuka tu hadi Omurushaka na bodaboda, wameoga, wananukia, wanalalamika wamesubiri.

Hao wa Murongo ndio wanaonishangaza kuliko wote. Ukivuka mto kutoka Murongo uko Kikagati, Uganda, na kutoka Kikagati hadi Mbarara ni kilomita 74. Bukoba kwao ni mbali zaidi ya mara mbili, tena kwa barabara ambayo kipande chake cha mwanzo kiangazi ni vumbi na masika ni tope. Nikamuuliza mzee mmoja aliyepandia kule, mwenye koti la suti na kofia ya Kagera Sugar iliyopauka, kwa nini asiende Mbarara akaangalie mpira akarudi mapema akalala.

"Waitu," akaniambia, "Mbarara ninakwenda kununua. Kwenda kushangilia ni jambo jingine."

Gari zima likapiga makofi, na mweka hazina akamrudishia nusu ya nauli. Mzee akaizuia isirudi kwenye daftari, akanunulia watoto karanga.

Ukitoka Omurushaka unashika lami ya kwenda Kyaka, na hapo ndipo safari inapofungua kinywa. Kihanga tunapakia wa mwisho. Dereva anawasha muziki, mama wa sufuria anamwambia apunguze, dereva anapunguza kwa dakika chache, anaongeza tena. Migomba inapita, kahawa inapita, kisha nchi inafunguka, vilima vinashuka, unaona mbali. Mabishano yanaanza hapo na hayaishi hadi ziwani. Nilifikiri nitasikia habari za Arsenal, kwa sababu huko kwetu kila kibanda umiza kina mtu anayejua hadi mchezaji wa akiba wa Arsenal anakula nini. La! Asubuhi ile ilikuwa Kaitaba tupu.

Mabishano ya kwanza: Aprili 2017. Kagera Sugar wanaifunga Simba 2-1 hapahapa Kaitaba, kisha inaibuka kesi ya kadi tatu za njano za beki Mohamed Fakhi. Simba wanapewa pointi mezani, halafu uamuzi unatenguliwa na pointi zinarudi Bukoba. Hadi leo kuna watu wawili kwenye gari lile wasioongea vizuri kwa sababu ya Fakhi. Mabishano ya pili ndiyo matamu: 19 Mei 2018, Uwanja wa Taifa. Simba wameshakuwa mabingwa, hawajafungwa mechi hata moja ya ligi msimu mzima, Rais Magufuli yuko jukwaani kuwakabidhi kombe, na nani anakuja kuharibu picha? Kagera Sugar! Edward Christopher anafunga dakika za mwisho, Simba wanapata penalti, Emmanuel Okwi anaiweka, Juma Kaseja anaipangua. Kaseja, aliyekuwa kipenzi cha Msimbazi kwa miaka! Kijana aliyekaa mbele yangu alikuwa bado shule ya msingi mwaka ule, lakini alisimama katikati ya Coaster linalotembea akatuonyesha Kaseja alivyoruka, akaangukia begi la mtu lenye mayai. Mayai yalikuwa ya kuchemsha, tukayala palepale.

Mzee wa koti akasubiri kelele zitulie, akasema sisi watoto hatujui kitu, yeye ameiona RTC Kagera, timu ya zamani ya mkoa. Hakuna aliyethubutu kujibu. Kwenye mabishano ya mpira mkoani kwetu, RTC Kagera ni turufu.

Kyaka tunasimama. Lazima. Ni njia panda, kuna choo, kuna chai, na kuna wanaotaka kunyoosha miguu waliyokunjiwa na Coaster. Kwa wageni: hapa ndipo penye daraja la Mto Kagera, lile lililobomolewa na majeshi ya Idi Amin mwaka 1978, na ng'ambo ya mto, Misenyi, ndiko kwenye kiwanda cha sukari na mashamba ya miwa yaliyoipa timu jina. Wanajeshi wa Amin walikipora kiwanda kile. Ukikumbuka hilo ukiwa na maandazi mkononi na kofia yenye jina la kiwanda kichwani, timu inapata uzito mwingine. Lakini usikae sana kwenye historia, dereva anapiga honi.

Kuingia Bukoba kwenyewe ni burudani. Unafika Rwamishenye, mji unaanza, barabara inateremka, na ziwa linatokea mbele yako pana, la buluu, halina mwisho. Watoto wawili waliokuwa hawajawahi kuliona walinyamaza kabisa, na hao ndio waliokuwa wakipiga vuvuzela tangu Nkwenda. Mama zao wakamshukuru Mungu.

Sasa tufike kwenye kula, maana bila kula safari hii ingekuwa usafiri tu.

Kosa la wengi ni kwenda moja kwa moja uwanjani wakaegesha gari kwenye vichochoro, wakala chipsi kwa kusimama. Msifanye hivyo. Teremkeni hadi ufukweni, tafuteni mahali pa halali penye kivuli, ulizeni kama kuna ada ya maegesho, lipeni bila kubishana, kisha fungueni mlango wa nyuma. Uwanja na ziwa haviko mbali; mtakwenda kwa miguu, na matembezi yale yatawafaa kwa sababu mtakuwa mmeshiba vibaya.

Mama wa sufuria aliingia kazini kabla injini haijapoa. Ndizi alikuwa amezipika usiku, pamoja na maharage, kama inavyopasa, akafunika kwa majani ya mgomba tabaka juu ya tabaka, akazungushia blanketi kuukuu na kulifunga kwa kamba ya manila. Nikasimama karibu kuangalia. Akafungua kamba bila haraka, akaikunja, akaitia mfukoni. Akatoa blanketi. Jani la kwanza lilikuwa limekauka pembeni. La pili lilikuwa laini, limebadilika rangi kuwa ya zeituni. La tatu lilitoka na mvuke uliompiga usoni akafumba macho. Zimepita saa kumi hivi tangu zitoke jikoni, na ndizi bado zinaunguza vidole! Hakuponda. Alizigawa kwa kijiko cha mti, akiweka kila sahani ndizi zenye maharage mengi upande mmoja na zile zilizoshika chini kidogo upande mwingine, kwa sababu kuna watu, nami nimo, wanaozitaka hizo zilizoshika. Chumvi alikuwa nayo ya ziada kwenye kipande cha gazeti kilichokunjwa. Akaniambia, "Kula mwanangu, huko ndani hakuna atakayekuuliza kama umekula."

Pembeni vijana walikuwa wamewasha mkaa. Nyama ya ng'ombe wa kwetu, imekatwa vipande vikubwa, imekaa usiku kucha kwenye tangawizi na limao, haihitaji maneno. Jiko lilikuwa ringi ya gari iliyochomelewa miguu mitatu, na wavu juu. Upepo wa ziwa ukafanya kazi ya kupepea, na moshi ukaenda kuwaalika watu ambao hatukuwaita. Wakaja! Kwanza wapita njia, kisha madereva bodaboda, kisha familia moja iliyovaa jezi za wageni waliokuja kucheza na sisi. Kimya kikapita kidogo, watu wakitazamana. Mama wa sufuria akawapa sahani kabla hawajasalimia vizuri, na baba wa familia ile akarudi kwenye gari lao akaja na mfuko wa machungwa. Hapo ndipo niliposema moyoni kwamba hawa wa Arrowhead waje wajifunze.

Kuna mambo ya meza ambayo sitayapitia yote. Senene ni kwa msimu wake. Novemba na Desemba usikubali safari bila mfuko wa senene wa kukaanga, na miezi mingine wanunue wa kukausha sokoni Bukoba ukitaka, ingawa si sawa. Kahawa ya kutafuna ipo mwaka mzima, na mzee wa koti alikuwa na kifurushi kidogo alichokizungusha kwa heshima, kila mtu punje chache. Juisi ya ndizi kwenye dumu, ndiyo. Rubisi, maamuzi ni yako, lakini iishie ufukweni na isimguse dereva hata kwa harufu. Kwenye gari letu sheria ilikuwa dereva anakula wa kwanza na anakunywa soda, na anayemshawishi vinginevyo anarudi kwa miguu.

Samaki? Nitasema jambo litakalowaudhi wenyeji wa mjini: siku ya mechi, sato wa kuchoma anakula muda. Miiba haina haraka. Mwacheni wa jioni kwa wanaolala.

Saa nane, fungeni vyombo. Zimeni mkaa kwa maji, okoteni majani ya mgomba yote, acheni ufukwe safi kuliko mlivyoukuta, kwa sababu mtarudi. Kisha twende uwanjani!

Kaitaba ni uwanja mdogo, wa watu elfu tano hivi, na udogo huo ndio raha yake. Tangu mwaka 2016 una nyasi bandia zilizowekwa kwa msaada wa FIFA. Kabla ya hapo Kagera Sugar walicheza mechi zao za nyumbani mikoa mingine wakisubiri zimalizike, yaani nyumbani kwao kulikuwa ugenini kabisa. Ukiingia kwa mara ya kwanza kijani kile kinakupiga machoni. Mji unaonyeshewa karibu milimita 2,000 za mvua kwa mwaka, ungetegemea dimbwi. Badala yake mpira unateleza. Na sauti! Kwenye kibanda umiza unasikia mtangazaji. Hapa unasikia kiatu kikigonga mpira, unasikia kipa akiwatukana mabeki wake kwa upendo, unamsikia kocha akirudia jina moja hadi unamwonea huruma mwenye jina. Winga alipokuja kupiga kona mbele yetu, mtoto mmoja wa Nkwenda alimsalimia, "Shikamoo!" Winga akageuka, akaitikia "Marahaba", kisha akapiga kona. Nitampigia kura popote atakapogombea.

Wapi pa kukaa? Jukwaa kuu lina kivuli na watu wenye adabu. Mimi nawashauri mzunguko, pamoja, kundi zima, na muwe mmeingia saa nzima kabla ili msitawanyike. Jua na mvua vya upande huo ni vyenu, hilo mlikubali. Msilete miavuli, mnawaziba wa nyuma. Leteni makoti ya mvua au ile mifuko mikubwa ya nailoni, ikatwe shingo. Mvua ya Bukoba haibishi hodi. Kofia kwa watoto. Hela ndogondogo kwa ajili ya karanga na maji, kwa sababu muuza karanga akikosa chenji anakaa mbele yako akihesabu wakati bao linafungwa, na sisemi hivyo kwa kubahatisha.

Kasoro zipo, mpenzi hafichi. Foleni ya tiketi ilikuwa na dirisha moja lililofanya kazi na jingine lililotutazama. Vyoo, nendeni kabla hamjaingia. Na sisi wenyewe tuna kasoro: hatuna wimbo. Tulishangilia kwa kupokezana nyimbo za Simba tulizobadilisha maneno, aibu kubwa, huku tukitoka kwenye nchi ya ngoma. Kyerwa na Karagwe kuna kwaya zinazoweza kupasua dari la kanisa. Haiwezekani tushindwe kupata kibwagizo kimoja cha Kinyambo cha kumtisha kipa. Kazi hiyo nimeshaikabidhi kwa mwalimu mmoja wa kwaya wa Bugene, amesema atafikiria, na uso wake ulionyesha ameshaanza kutunga.

Filimbi ya mwisho ikilia, msikimbie. Hapa wengi wanaharibu. Wote wanatoka pamoja, barabara ya kupanda Rwamishenye inakaba, dereva anapata hasira, na mnaanza safari ya usiku mkiwa mmekasirika. Rudini ufukweni. Kuna ndizi zilizobaki, sasa za baridi, na nawaapia ndizi na maharage vya baridi baada ya mechi vina ladha ambayo mchana havikuwa nayo. Hesabuni watu kwa daftari. Watu wa Karagwe mnaweza kuondoka saa moja usiku mkafika salama mkilala vitini, dereva akienda taratibu, maana barabara ile ya Kyaka ina malori ya mpakani Mutukula yenye taa kali na ng'ombe wasiojua sheria. Wa Kyerwa, hasa Kaisho na Murongo, nawasihi mlale Bukoba. Gesti za bei ya kawaida zipo, na ukigawana chumba na mwenzako si gharama ya kuuza mbuzi. Mzee wa koti alilala kwa ndugu yake. Asubuhi alitaka kupitia kanisa kuu, alipozikwa upya Kardinali Rugambwa, kabla ya kugeuza. Anasema mtu hafiki Bukoba akaishia kwenye mpira.

Kwa hiyo, uamuzi wangu: nyota zote mlizonazo, nyingine mkope jirani! Mechi ijayo ya nyumbani daftari liko wazi tayari, na mwenye daftari ameniomba nitangaze yafuatayo. Wa Kihanga wasimame upande wa kushoto wa barabara, si pande zote mbili, mara iliyopita tuligeuza Coaster kwa ajili ya mtu mmoja. Mayai yaje yamechemshwa. Mwenye kuku hai hapandi. Anayetaka kiti cha mbele alipe kabla ya Jumatano, na kijana wa Kaseja ameshawekewa kiti cha dirishani, kimefungwa mkanda.